Vigae Kumi na Sita

Mtaani walimwita Pimamaji, na jina lenyewe alijitafutia. Siku alipokwenda ukweni kujitambulisha, chai ilipowekwa mezani aliona imeinamia upande mmoja wa kikombe. Mtu mwingine angenyamaza akanywa. Yeye alichomoa pimamaji ndogo mfukoni, akailaza juu ya meza ya watu, akamtangazia baba mkwe mtarajiwa kwamba meza imelala kushoto kwa unene wa kucha. Mzee akakunja karatasi, akaisukuma chini ya mguu wa meza, kisha akasema kwamba hajui binti yake ameletewa mume au ameletewa fundi. Ukweli ni kwamba aliletewa wote wawili, na kwa miaka kumi na saba binti huyo amekuwa akijaribu kumtenganisha mmoja na mwenzake bila mafanikio.

Kazi yake ni kuweka vigae, na anaiweza, hili hata wasiompenda wanakiri. Akiingia chumbani hutazama mara moja kona hadi kona, hutaja idadi ya boksi, na kazi ikiisha hubaki vigae vitatu vya akiba, endapo mwenye nyumba ataangusha pasi. Magoti yake yamekuwa magumu kama kisigino. Wahenga walisema mtaka cha mvunguni sharti ainame. Pimamaji ameinama miaka ishirini na huko mvunguni hajaona kitu ila vumbi.

Boksi moja ina vigae kumi na viwili, na kwake hiyo ndiyo fedha. Noti za serikali anazitumia kwa sababu wenye maduka hawaelewi. Ada ya shule ya watoto wake wawili ni boksi kumi na moja. Viatu ambavyo mkewe alivaa mara moja vikambana ni boksi mbili na vigae vitano, na kila akiviona juu ya kabati huvihesabu upya. Watoto walijua bei ya kila kitu nyumbani kwa boksi kabla hawajajua kusoma saa.

Basi ilikuwa lazima hata nyumba aliyoinunua aihesabu hivyohivyo. Ilikuwa nyumba ya vyumba vitatu, sebule, jiko na choo cha ndani, sakafu ya simenti tupu, bati zima, milango miwili inayogoma kufungika. Bei yake boksi elfu moja, kwa bei ya boksi ya siku ile, maana boksi nayo ina tabia ya kupanda. Benki ilikubali kumkopesha zote, alipe kwa miaka ishirini, na nyumba yenyewe iwe dhamana.

Siku ya kusaini aliuliza swali moja tu: kwa mwezi ni ngapi? Akatajiwa, akapiga hesabu kwenye kiganja kwa ile penseli bapa anayoichomeka nyuma ya sikio, akapata boksi kumi na mbili na nusu. Kodi aliyokuwa akilipa ilikuwa boksi tisa. Kwa hiyo kwa boksi tatu na nusu za nyongeza, mtu anaacha kuwa mpangaji anakuwa mwenye nyumba. Pimamaji aliona kwamba anayekataa jambo kama hilo ana matatizo yasiyotibika kwa dawa. Alisaini kurasa kumi na tisa, kila alipoonyeshwa kwa kidole, na kadiri alivyoendelea sahihi yake ilizidi kupata mikia na mapambo. Ukurasa wa kumi na moja ulikuwa na jedwali refu lenye namba ndogo ndogo kama chawa. Aliutazama kwa heshima, akaugeuza.

Majirani walipoona fundi wa vigae amehamia nyumba yake mwenyewe, walingoja sakafu ya kustaajabisha. Miezi ikapita, simenti ikabaki simenti. Wakasema kinyozi hajinyoi, wakacheka. Lakini Pimamaji alikuwa na mpango wake, na aliueleza kwa yeyote aliyesimama muda wa kutosha. Yeye hawezi kuiwekea benki vigae bure. Ataweka vigae pale tu ambapo nyumba imeshakuwa yake. Sakafu nzima inakula vigae mia nne na themanini. Marejesho ni mia mbili na arobaini. Kila mwezi, akishalipa, anaweka vigae viwili, kuanzia mlango wa mbele kuelekea ndani. Siku ya rejesho la mwisho ataweka cha mwisho kule nyuma ya choo, asimame, aoge, afe akitaka. Hesabu ilitoka bila baki hata moja, na fundi akiona hesabu imetoka bila baki huamini kwamba Mungu ameitia mkono.

Ndivyo ikawa. Kila mwisho wa mwezi, Jumamosi asubuhi, alichanganya gundi kidogo kwenye kopo la rangi, akapiga magoti, akaweka cha kwanza, akaweka cha pili, akavigonga kwa nyundo ya mpira, akalaza pimamaji juu yake na kungoja kiputo cha hewa ndani yake kitulie katikati. Watoto walisimama kando wakihesabu kwa sauti. Mkewe alisimama na ufagio.

Mwezi wa kumi wa kulipa alifika kwenye nguzo. Sebule yao ina nguzo ya duara hatua mbili kutoka mlangoni, na kukata kigae kiizunguke nguzo si kazi ya kukisia. Unachukua karatasi ngumu, unaikata taratibu mpaka ikumbatie nguzo, kisha unaihamishia kwenye kigae. Karatasi za daftari la watoto zilikuwa laini, zikajikunja. Karatasi za benki zilikuwa nene, za heshima. Akafungua faili, akauchomoa ukurasa wa kumi na moja, akaukata tundu katikati. Kigae kikakaa kwenye nguzo kama pete kidoleni. Ukurasa akaurudisha kwenye faili na tundu lake, kwa sababu yeye si mtu wa kutupa karatasi za watu.

Sasa tumtazame mwenye ufagio. Mke wa Pimamaji ni msusi, tena msusi wa kusubiriwa foleni, na saluni yake ni hiyohiyo sebule. Nywele zinazoanguka kwenye simenti ya mikwaruzo hazifagiliki; zinang'ang'ania kama wageni wasioaga. Tena mahali vigae vilipoishia palikuwa na ngazi ndogo, unene wa kigae na gundi yake, na kila mwezi ngazi hiyo ilihama. Wateja walipoizoea hapa waliikuta pale. Mmoja alivunja kisigino cha kiatu, mwingine alimwaga chai kwenye kichwa kilichokuwa kimesukwa nusu. Mke alipolalamika aliambiwa asubiri, imebaki miaka kumi na saba tu.

"Wateja wangu wanaingia wanatembea, wanatoka wanachechemea," alimwambia mumewe. "Watu watadhani nasuka na miguu."

Katika hali hiyo ndipo benki ilipopiga simu. Miaka mitatu kamili ilikuwa imepita, Pimamaji hajachelewa hata siku moja, na vigae sabini na viwili vilikuwa vinang'aa sebuleni. Sauti ya dada wa mikopo ilikuwa laini kama ya mtu anayembembeleza mtoto ameze dawa. Alisema kwamba mteja mwaminifu kama yeye ana haki ya zawadi. Benki ingeweza kuupanga mkopo upya, uwe wa miaka thelathini kuanzia sasa. Rejesho la mwezi litabaki lilelile, pengine lipungue kidogo, na juu yake atapewa fedha mkononi. Alipozitaja, Pimamaji akazigeuza haraka: boksi themanini.

Boksi themanini! Thelathini na nne zingetosha kumaliza sakafu yote. Zinazobaki zingenunua ile mashine ya umeme ya kukatia vigae, inayokata huku ikijimwagia maji, ambayo aliiona kwa fundi mwenzake na tangu hapo halali vizuri. Kikataji chake cha mkono kilikuwa kimechoka. Kila kazi kilimpasulia vigae vitano sita, na vyote vilitoka mfukoni mwake. Yeye alitaka mashine, mkewe alitaka sakafu, na kwa mara ya kwanza tangu wahamie wote wawili walitaka jambo moja. Mke alikwisha kuwatangazia wateja wake kwamba mwisho wa mwezi waje na viatu vyovyote wanavyotaka. Ile ahadi ya vigae viwili viwili ingevunjika, ni kweli, lakini Pimamaji alisema ahadi hiyo alijipa mwenyewe na mwenyewe amejisamehe. Wangesaini Ijumaa, wote wawili, kwa kuwa nyumba iko kwa majina yao mawili. Jumatano alikwenda kuchukua fomu.

Dada wa mikopo alikuwa na meza safi na kiti kinachozunguka. Pimamaji aliiangalia meza, akajizuia. Wakazungumza vizuri, fomu zikatoka, na alipokuwa anainuka akakumbuka kwamba ukurasa mmoja wa mkataba wake una kasoro. Akautoa kwenye faili. Dada aliuinua, akamwona Pimamaji kupitia tundu.

"Hapa palikuwa na nini, baba?"

"Nguzo," alisema Pimamaji.

Dada akageukia mashine yake. Alichapa jedwali jipya, akampa likiwa bado na joto la mashine, na kwa kuwa Pimamaji hakuwa na haraka, alianza kusoma palepale. Akakuta mstari wa mwezi wa thelathini na sita. Mwisho wa mstari paliandikwa deni lililobaki. Akachomoa penseli, akageuza kwa boksi kwenye kiganja, akapata mia tisa sitini na sita. Akafuta kwa mate, akageuza tena. Mia tisa sitini na sita.

Akamwambia dada, kwa upole, kwamba mashine yao imekosea. Yeye amelipa miezi thelathini na sita. Boksi mia nne na hamsini zimetoka kwenye magoti yake zikaingia hapa, na risiti zote anazo. Haiwezekani deni la elfu moja lipungue boksi thelathini na nne.

"Haijakosea, baba," alisema dada. "Kila mwezi riba inakula kwanza. Ikishashiba, kinachobaki ndicho kinapunguza deni. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo riba nayo inakula sana."

"Ule mwezi wa kwanza, katika zile boksi kumi na mbili na nusu, nyumba ilipata nini?"

Dada hakuelewa habari za boksi, lakini alimwonyesha namba kwa ncha ya kalamu. Pimamaji akaigeuza. Vigae tisa. Hata boksi moja haikutimia.

Tumtendee haki dada wa watu: hakuficha kitu. Alisema yote yaliandikwa tangu siku ya kwanza, ukurasa wa kumi na moja, na kwamba watu karibu wote huuliza ya mwezi tu, hata yeye ana mkopo wake na aliuliza ya mwezi tu. Pimamaji alishukuru, akachukua fomu zake, akatoka akiwa kama mtu aliyeuziwa mbuzi kwenye gunia, isipokuwa gunia hili alilifunga mwenyewe. Iliuma. Iliuma zaidi kwa sababu hakuwa na wa kumlaumu, na mtu asiye na wa kulaumu hubeba mzigo wote peke yake.

Hata hivyo bado hakuwa ameamua kutosaini. Alijiambia yaliyopita si ndwele, boksi themanini ni boksi themanini, na rejesho halipandi. Kwa akili hiyo akapitia kwa mwenye duka mmoja aliyemwita akampimie ujia, ule wa kutoka dukani mpaka stoo ya nyuma. Mwenye duka alikwisha kununua vigae mwenyewe, boksi tatu, na alijisifu kwamba ameokoa fedha. Ujia wenyewe, alisema, ni mwembamba, mita moja tu, boksi tatu zinatosha na kubaki. Pimamaji akatazama. Ujia ulikuwa mwembamba kweli, lakini ulikwenda, ukakata kona, ukaendelea kwenda.

"Bosi," alisema kwa mazoea, neno ambalo amelisema mara elfu katika maisha yake, "wewe umepima upana. Upana mdogo haukusaidii kitu kama urefu hujaupima."

Akajisikia akilisema. Mwenye duka aliona fundi ameketi juu ya boksi za vigae, amekodoa macho ukutani, penseli mkononi, akadhani amepatwa na kizunguzungu akamletea maji. Pimamaji akayanywa. Miaka ishirini amewacheka watu wanaonunua vigae kwa kupima upana peke yake. Na yeye siku ya kusaini aliuliza nini? Kwa mwezi ni ngapi. Upana. Urefu hakuugusa, na huo urefu ulikuwa miezi mia mbili na arobaini.

Alifika nyumbani jua bado kali. Mkewe alikuwa amemaliza kichwa cha mwisho na anafagia, yaani anabembeleza nywele zitoke kwenye simenti. Alipomwona na fomu akafuta mikono, akauliza kalamu iko wapi. Pimamaji akamwambia aketi kwanza. Mke akaketi kwenye kigoda chake cha kusukia, akijua kuna jambo, kwa sababu mumewe hana kawaida ya kumwambia mtu aketi. Humwambia mtu asikanyage.

Akachukua chaki, akapiga magoti kwenye simenti, akaanza kuhesabu kama anavyohesabia sakafu za watu. Rejesho ni upana, boksi kumi na mbili na nusu. Miezi ni urefu, mia mbili na arobaini. Upana mara urefu. Chaki ikaandika boksi elfu tatu.

"Nyumba si ilikuwa elfu moja?" mke aliuliza.

"Elfu moja."

"Sasa hizo mbili nyingine anakaa nani?"

"Riba," alisema Pimamaji. "Tunajenga nyumba tatu, tunakaa moja."

Akaendelea. Iliyobaki kulipwa katika mkopo wa sasa ni miezi mia mbili na nne, sawa na boksi elfu mbili mia tano na hamsini. Akapiga mstari. Kisha akaandika ule mpya: upana uleule, urefu miezi mia tatu na sitini. Chaki ilikatika, akaokota kipande. Boksi elfu nne na mia tano. Akatoa moja kwa nyingine. Tofauti ilikuwa boksi elfu moja mia tisa na hamsini, na hiyo ndiyo ingekuwa bei ya zile boksi themanini za zawadi.

Mke aliitazama sakafu yake ikiondoka. Alikuwa ameshaiona akilini, nyeupe, inafagilika kwa mkono mmoja, wateja wanatelemka kwenye viti bila kutazama chini. Mwishowe aliuliza kama mashine nayo ameipigia hesabu. Mumewe akasema ameipigia, na kwamba kwa bei hiyo ingebidi ikate vigae, ipike, na iwapeleke watoto shule.

Basi yangeishia hapo, lakini Pimamaji ni mtu wa kumaliza kona. Alisema kuna hesabu moja zaidi. Aliahidi kuweka vigae pale tu ambapo nyumba imekuwa yake. Katika boksi elfu moja amelipa thelathini na nne. Katika vigae mia nne na themanini, je, vyake ni vingapi? Akaandika, akagawanya, akaandika tena. Jibu lilikuwa kumi na sita, na kipande kidogo kisichofaa hata kwa kona.

Akainuka, akaenda mlangoni, akahesabu kwa kidole cha mguu. Kumi na sita viliishia pale penye rundo la ndara, kabla hata ya kufika kwenye nguzo. Vigae vingine vyote hamsini na sita, pamoja na kile cha pete alichojivunia kuliko vyote, aliiwekea benki bure.

Mke alikuja akasimama naye. Akatazama ndara, akatazama sebule, akatazama ndara tena.

"Miaka mitatu, baba watoto," alisema. "Miaka mitatu tumenunua pa kuvulia viatu."

Akaanza kucheka. Alicheka mpaka akashika nguzo, nguzo ya benki, akafuta machozi kwa khanga. Pimamaji alitaka kukasirika, akatafuta hasira kila mahali, hakuiona. Akajikuta naye anacheka, kicheko cha mtu aliyeteleza hadharani akagundua hajavunjika. Watoto wakatoka chumbani kuuliza nini kimetokea, wakaambiwa wavue viatu, wamesimama kwenye mali ya watu.

Kicheko kilipoisha, Pimamaji alikwenda kuchukua patasi na nyundo. Yeye ni mtu wa neno lake, alisema. Vile hamsini na sita vinang'oka leo. Mkewe alimtangulia, akaketi katikati ya sebule juu ya vigae, miguu imenyooshwa.

"Ng'oa kimoja uone," alisema. "Kitapasuka hicho, na mimi nitapasuka nacho."

Fundi anajua kigae kilichogandishwa na gundi nzuri hakitoki kizima, na hata asiye fundi aliweza kuona kwamba yule mke naye hatoki. Wakapatana. Vigae vibaki, ila mpaka uonekane. Pimamaji akakata utepe mwekundu, ule anaotumia kuzuia watu wasikanyage kazi mbichi, akaubandika sakafuni mwisho wa kigae cha kumi na sita. Huku kwetu, kule kwa benki. Na pale penye ngazi inayovunja visigino akaweka mteremko wa simenti, nusu ndoo, ambayo angeweza kuiweka tangu mwezi wa kwanza kama angemsikiliza mtu.

Ijumaa walikwenda benki wote wawili wamevaa nguo za kutokea, mke na vile viatu vya boksi mbili na vigae vitano. Dada wa mikopo alikuwa ameandaa kalamu mbili. Mke wa Pimamaji alizirudisha kwa adabu upande wa pili wa meza, akasema hawajaja kusaini, wamekuja kuuliza. Wakiliongezea rejesho lao boksi moja kila mwezi, urefu utapungua kiasi gani?

"Boksi moja ya nini, mama?" dada aliuliza.

Pimamaji akamtajia kwa noti za serikali. Dada akabonyeza, akangoja, akasogeza uso karibu na kioo kama asiyeamini. Alisema miezi arobaini na sita, karibu na arobaini na saba. Karibu miaka minne inafutika. Mkataba unaruhusu, ukurasa wa kumi na nne, ambao kwa bahati haukuwahi kukutana na nguzo. Lakini lazima waandike barua kwamba nyongeza iende kwenye deni lenyewe, isije ikahesabiwa kama rejesho la mwezi unaofuata. Wakaiandika barua palepale, mke akaisoma mara tatu, akaomba nakala yenye muhuri. Walipokuwa wanaondoka, dada aliuliza kwa sauti ya chini kama hesabu hiyo inawezekana hata kwa mkopo wa mfanyakazi wa benki. Pimamaji akamwambia upana ni upana. Kisha, kwa kuwa mambo yalikwisha kwenda vizuri, akalaza pimamaji yake juu ya ile meza. Ilikuwa imelala kulia.

Boksi hiyo ya nyongeza haikuanguka kutoka darini. Kichwa kimoja cha kusuka kila mwezi kilikuwa cha deni, na mke alikichagua kile kigumu kuliko vyote, kwa hasira. Pimamaji alitoa fedha ya vigae viwili na gundi yake, maana havikuwa na haraka tena, na alijifunza kukitia mafuta kile kikataji kizee, ambacho kumbe kilikuwa kinapasua vigae kwa kukosa mafuta tu.

Mwisho wa mwezi ukafika. Jumamosi asubuhi hakuchanganya gundi. Alirudi na risiti, akaketi kwenye kizingiti akapiga hesabu. Bila ile nyongeza, mpaka ungesogea nusu kigae. Kwa nyongeza, ulisogea kigae kizima. Akapiga magoti, akabandua utepe mwekundu kipande, akaupitisha upande wa pili wa kigae cha kumi na saba, akaukandamiza kwa kidole gumba. Watoto wakahesabu, moja, wakanyamaza kwa kuwa hakukuwa na mbili.

Mkewe wakati huo alikuwa kazini, amemshika mteja kichwa, mistari imefika katikati. Tangu siku ile ya chaki alikuwa amehamishia kiti na kigoda pale mlangoni, kwenye vile kumi na sita, wateja wamebanana na ndara, na aliyeuliza sababu aliambiwa kuna hewa. Aliona utepe umehama. Akaachia nywele, akamgusa mteja begani.

"Inuka kidogo, dada yangu," alisema. "Nisogeze kiti. Tumepata nafasi."

Mteja aliinuka, akatazama huku na huku, hakuona chochote kilichobadilika. Mke wa Pimamaji akavuta kiti, mguu mmoja wa nyuma ukapanda juu ya kigae cha kumi na saba, akakitikisa kuona kama kimekaa imara. Kilikuwa kimekaa imara. Akamkalisha mteja, akaendelea kusuka.